Mwalimu Asiyejua Kutunza Siri

Ukitaka jambo lako lifike Miyuji nzima, mtaa wetu hapa Dodoma, kabla ya adhuhuri, ulimwambia Mwalimu wa Historia asubuhi, ukamsihi asimwambie mtu. Alikuwa anaapa kabisa. Anaapa, anaweka mkono kifuani, na kwa nusu saa hivi anajizuia, unamwona kabisa anavyohangaika. Halafu anajifunga khanga ya pili na kusema anakwenda kuomba chumvi kwa jirani. Sijui alipikia nini chumvi yote ile.

Uchumba wangu ni yeye aliyeutangaza. Nilimdokeza tu kwamba nataka kupeleka barua ya posa kwa binti wa nyumba ya tatu kutoka kwake. Barua yenyewe sijaandika, mama wa binti akanisimamisha njiani, akaniuliza mbona nachelewa. Nilikwenda kumlaumu Mwalimu nikiwa nimevimba kwa hasira. Alikuwa kibarazani anachambua mlenda, na hakuona haya hata chembe.

"Ningekaa nayo ningeumwa," alisema. "Na wewe unanijua nilivyo tangu ukiwa na kaptula. Sasa kosa la nani?"

Nani kagombana na mkwewe, nani anajenga, nani kafukuzwa kazi kwenye ofisi za serikali kule Mtumba na bado anaondoka kila asubuhi na begi lake kana kwamba anakwenda ofisini: yote aliyajua na yote aliyatoa. Alisema habari za watu ni mali ya watu. Kitu kimoja tu katika dunia hii alikiona ni siri ya kweli, na kwa hicho alikuwa tayari kupigana na yeyote. Kura ya mtu.

Alitufundisha kidato cha pili na cha tatu. Kila mwaka, mvua zikikaribia, aliuweka mtaala kando kwa wiki mbili, akatufundisha uchaguzi mdogo wa ubunge huko Uingereza, enzi za Malkia Viktoria. Mkaguzi mmoja aliwahi kuingia darasani katikati ya somo hilo, akapekua vitabu vyake, akauliza liko ukurasa gani.

"Halipo," Mwalimu alimjibu. "Wangeliandika nisingehangaika kulifundisha. Kaa hapo, nawe utapata kitu."

Mkaguzi akakaa. Tulimwona ananukuu.

Somo lenyewe lilikuwa hivi. Kwa miaka mingi huko kwao, mpiga kura alipanda jukwaani mchana kweupe, akataja jina lake na jina la anayemtaka, na karani akaandika yote mawili kitabuni. Kitabu kikachapishwa na kuuzwa. Mwenye ardhi akanunua nakala yake, akaisoma taratibu kwenye kiti chake, na mpangaji aliyetaja jina baya akajikuta nje na watoto wake na masufuria yake. Mwalimu alipofika hapo alikuwa anapandisha sauti mpaka darasa la jirani linanyamaza. Halafu alitugawa. Huyu mwenye ardhi, huyu karani, ninyi wengine wote wapangaji. Dawati moja likawa jukwaa.

Mimi nilikuwa fundi viatu. Nilipanda juu ya dawati nikataja jina nililolipenda mwenyewe, kwa sababu nilidhani ni mchezo. Karani akaandika. Mwalimu akaninyang'anya dawati, akanikalisha sakafuni wiki nzima, vipindi vyote. Mwalimu wa Hisabati alipouliza kulikoni, aliambiwa, "Huyo kafukuzwa na mwenye nyumba wake, mwache hapo hapo." Mama alikuja shuleni kulalamika juu ya suruali yangu iliyojaa vumbi. Mwalimu alimpokea vizuri, akamweleza habari za Uingereza kwa saa nzima, na mama akarudi nyumbani akiwa amemkasirikia mwenye ardhi.

Wiki ya pili alileta boksi la sabuni lililotobolewa juu. Alituambia kwamba hatimaye walitunga sheria ya kura ya siri, na mara ya kwanza kuitumia kumchagua mbunge ilikuwa katika uchaguzi mdogo wa mji mmoja wa kaskazini uitwao Pontefract. Mbunge wao alikuwa ameteuliwa uwaziri, na sheria ya siku hizo ilimtaka arudi kwanza kwa wapiga kura wamchague upya. Nyuma ya darasa mtu akanyoosha mkono, "Mwalimu, na mawaziri wetu je?" Akajibiwa kwamba Uraia unafundishwa na mwalimu mwingine, akamuulize huyo.

Sanduku la Pontefract, alituambia, lilifungwa kwa nta na kugongwa muhuri wa kiwanda cha peremende, kwa kuwa ndio muhuri uliopatikana. La kwetu alilifunga kwa nta ya mshumaa akaikandamiza kwa kizibo cha soda. Tulikwenda mmoja mmoja nyuma ya kabati, tukatia alama, tukatumbukiza. Hakuna aliyekaa sakafuni wiki ile. Kila mwaka wanafunzi walimuuliza, na huko Pontefract alishinda nani? Naye kila mwaka alijibu kwamba hilo si muhimu, akatoka na boksi lake kwapani. Tulidhani hajui.

Sasa usije ukamfanya malaika. Mtu huyu aliyetuhubiria kura alikuwa dikteta wa kutupwa. Kiranja wa darasa alimteua mwenyewe, kwa kumwangalia kucha. Ukimkumbusha habari za uchaguzi alikwambia, "Mambo hayo kengele ikishalia. Sasa hivi mnatawaliwa." Alimkatiza kila mtu. Msibani alipanga nani akae wapi, harusini alionja pilau kabla ya wageni na kutoa hukumu. Alipanda bodaboda kwa upande, mkoba mapajani, na safari nzima alimfundisha dereva kuendesha. Madereva wa stendi ya Miyuji walikuwa wakimwona anakuja, kila mmoja ghafla pikipiki yake imekataa kuwaka. Kwenye mkoba ule alibeba chaki hata baada ya kustaafu, akaandika alipojisikia: mlangoni kwa mwenye duka aliyefunga mapema, ukutani kwa jirani anayemwaga maji machafu, na chini yake akaandika jina lake ili pasiwe na utata.

Na alikuwa mkulima mbovu. Hili nalisema kwa mapenzi yote. Alipostaafu alinunua nusu eka ya zabibu Makutupora, nje ya mji, jirani na eka ya baba yangu, na ile nusu eka ilitutia aibu sote. Kupogoa mzabibu kunataka mtu anyamaze, ahesabu macho ya tawi, pale chipukizi litakapotokea, akate. Yeye alikata huku anahadithia. Ukungu ulimvamia kila msimu na kila msimu alishangaa upya. Baba alikuwa anatangulia shambani alfajiri, anamrekebishia mistari miwili mitatu bila kusema neno, kisha anarudi kwake. Mwalimu alipogundua hakumshukuru faraghani. Aliitangazia Makutupora nzima kwamba yule Mgogo mkimya ana mkono kuliko wataalamu wote wa zabibu wenye vyeti, na baba akashindwa kwenda gulioni wiki mbili kwa haya.

Lakini siwezi kumweleza Mwalimu bila kueleza foleni.

Chama chetu cha ushirika cha wakulima wa zabibu kilichagua viongozi kwa foleni. Wagombea walisimama uwanjani mbele ya ghala, na kila mwanachama akajipanga nyuma ya anayemtaka, vichwa vikahesabiwa. Wazee waliipenda. Hakuna karatasi, hakuna wizi, kila mtu anaona. Ila kulikuwa na mmoja aliyeona kuliko wengine. Mnunuzi wetu mkubwa, mwenye kiwanda kidogo cha mvinyo, alikuwa anakuja kama mgeni. Anaegesha pikapu yake pembeni mwa uwanja, anashusha kioo, anakunywa soda. Hakuwahi kusema neno wala kumtisha mtu. Alikuwa anatazama tu.

Mwaka mmoja baba alisimama kwenye foleni fupi, nyuma ya mtu aliyetaka tutafute mnunuzi wa pili. Walikuwa kumi na mmoja. Msimu ulipofika, lori la mnunuzi lilichukua zabibu za kulia kwetu na za kushoto kwetu. Kwetu, kesho. Kesho yake, kesho. Zabibu ya mvinyo ikishaiva haina subira, na nyigu hawana kesho. Zilianza kuchuruzika maji zikiwa mtini, harufu ikawa ya pombe, na mwishoni baba aliniambia nizikate nikawape mbuzi. Wale kumi wengine yaliwakuta yayo hayo. Mwalimu alikuja akasimama kati ya mistari yetu. Kisha akanigeukia.

"Nilikukalisha sakafuni wiki moja," alisema, "ukaniona mkatili."

Baba hakupanga foleni tena maisha yake yote. Siku za uchaguzi alikuwa anaumwa. Mtu aliyekuwa na mkono kuliko wote Makutupora alimaliza siku zake akijifanya mgonjwa kila uchaguzi, na hilo mimi sijalisamehe na sitalisamehe. Alipofariki nilirithi shamba na uanachama. Nilikuwa tayari karani Mtumba, na mwisho wa wiki nikawa mkulima.

Kisha mwenyekiti wetu akahamia Singida kwa mwanawe kabla ya muda wake kwisha, ukaitishwa uchaguzi mdogo wa kujaza nafasi. Mwalimu alikuwa amekwishapita miaka sabini. Alijitokeza kugombea, na kabla ya kuomba kura aliomba sanduku.

"Sanduku ni la wezi!" akasimama mzee mmoja, muungwana kabisa, aliyeanzisha chama pamoja na kina baba, kisha akakumbuka salamu ya Kigogo. "Mbukwenyi, ndugu zangu. Foleni inaonekana. Kwenye sanduku nitajuaje kilichoingia?"

"Foleni inaonekana na nani, mzee wangu?" Mwalimu akamuuliza.

"Na sisi sote."

"Na nani mwingine?"

Hakunyoosha kidole. Aligeuza shingo tu kuelekea ile pikapu, na watu zaidi ya mia wakageuza shingo pamoja naye. Mnunuzi akasita na chupa yake mdomoni.

Afisa ushirika, kijana mwadilifu aliyetumwa kusimamia, akasema basi wanachama waamue wenyewe: wanaotaka kura ya siri wanyooshe mikono. Hapo ndipo tulipokwama. Ili tupate siri ilibidi tuinue mikono hadharani, mbele ya macho yale yale. Hakuna aliyenyoosha. Nami sikunyoosha, nilikuwa na zabibu zinaiva. Nilitazama viatu vyangu, nikamwona baba.

Mwalimu akateremka ngazi za ghala. Alitembea kuvuka uwanja, taratibu, magoti yalikuwa yamekwisha kuanza kumsumbua, mpaka kwenye pikapu. Akavua khanga yake ya juu, akaitandaza juu ya kioo cha mbele, pembe moja akaibana kwenye kipangusio. Halafu akazunguka upande wa dirisha lililo wazi, akaliziba kwa mgongo wake. Mwanamke mnene, shukuru Mungu.

"Mama, unafanya nini?" tulimsikia mnunuzi.

"Nimechoka, baba. Naegemea."

Mnunuzi akapiga honi. Akapiga tena, ndefu. Mwalimu hakusogea hata inchi. Akiwa ameegemea pale akapaza sauti ile iliyonyamazisha madarasa, "Msimamizi! Hesabu!"

Mikono ikapanda. Wangu ukapanda, wa yule mzee muungwana ukapanda baada ya kufikiri kidogo. Afisa alihesabu mara mbili huku honi inalia. Na mpaka leo mtu akiniambia watu wa Dodoma ni wapole, wanyonge, wanaburuzwa, namwambia asimame juani Makutupora akasikilize honi ile.

Wiki iliyofuata tulipiga kura ndani ya ghala, mmoja mmoja, nyuma ya ukuta wa kreti tupu. Mpinzani wa Mwalimu alikuwa msimamizi wa malori ya mnunuzi. Ndiyo, mtu wa mnunuzi. Lakini pia alikuwa mkulima mwenye mizabibu safi kuliko yetu sote, mtu anayepokea simu, anayesikiliza mpaka umalize, anayejua ukungu unavyoanza. Nilisimama nyuma ya kreti zile na kalamu mkononi. Nilimfikiria Mwalimu akiwa mwenyekiti. Niliona vikao ambavyo hakuna anayemaliza sentensi. Niliona mipango ya chama inafika kwa mnunuzi kabla ya sisi wenyewe kukubaliana, kwa njia ya chumvi. Niliona nusu eka yake.

Nilimpigia kura mpinzani wake.

Nimeliandika hapa kwa mara ya kwanza, mke wangu mwenyewe halijui. Nilifanya nilichoona ni sawa, bila kumwogopa mtu, kwa uhuru alioupigania yeye kwa mgongo wake, na nilipotoka nyuma ya zile kreti nilipita upande ambao yeye hakuwapo. Akisomewa haya, namjua, atamwambia msomaji aruke ukurasa.

Alishindwa, na si kwa kura chache. Matokeo yalipotangazwa uwanja ulichafuka. Watu wake walipiga kelele kwamba kuna wasaliti, kwamba uchaguzi urudiwe pale pale kwa foleni, wajulikane. "Tupange, tuwaone!" Mimi nilikuwa katikati yao.

Mwalimu akachomoa chaki mkobani. Akaandika kwenye mlango wa ghala idadi ya kura za mwenzake, chini yake idadi ya zake, na chini kabisa jina lake, kama kawaida yake. Kisha akawageukia watu wake.

"Mnataka foleni ili mjue nani kaninyima? Basi mna tofauti gani na yule wa kwenye pikapu?"

"Lakini kashinda mtu wake, Mwalimu!" mama mmoja akalia. "Sasa sanduku limetusaidia nini?"

"Wanafunzi wangu waliniuliza miaka yote kule Pontefract alishinda nani. Nilikuwa siwajibu, nikiogopa watavunjika moyo. Alishinda yule yule! Yule yule mbunge wa zamani. Na kesho yake hakuna mpangaji aliyelala nje. Nendeni nyumbani. Anayetaka foleni aanzie kwangu, nitampanga vizuri."

Hakuna aliyeanzia kwake. Msimu ule lori lilipita mashamba yote, kulia na kushoto, hata nusu eka yake na zabibu zake zenye madoa. Mnunuzi hakuwa amegeuka mwema. Hakujua tu amkomoe nani.

Nilikaa miezi bila kwenda kwake. Niliposikia miguu imemvimba nikakosa kisingizio, nikaenda Jumapili moja baada ya chakula cha mchana na nusu kreti ya zabibu. Alikuwa mkekani anamenya karanga.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Umenenepa. Mkeo anakulisha, au ni zile chapati za Mtumba? Kaa."

Nikakaa. Akanipa habari za mtaa mzima bila kupumua: nani kaachwa, nani kajifanya kasafiri na yumo ndani. Nilicheka mpaka nikasahau kilichonileta, kisha nikakikumbuka. Nilingoja ajaze mdomo karanga.

"Mwalimu, nina jambo. Linanikaa rohoni tangu siku ile ya ghala. Kura yangu mimi..."

"Nyamaza!"

Alikuwa ameinua mkono, na karanga zilikuwa zimemwagika mkekani. Tangu nimjue sijawahi kumwona akikataa habari.

"Lakini linaniuma, Mwalimu."

"Likuume. Ni lako."

"Wewe ulisimama kwenye dirisha lile kwa ajili ya baba yangu, na mimi..."

"Nilisimama ili yule mnunuzi asione. Sasa mimi nani hata nione?"

Sauti ilikuwa kali, ile ya darasani, ila macho yake yalikuwa mdomoni kwangu, hayabanduki.

"Kweli hutaki kujua?" nilimuuliza.

"Nataka!" akasema. "Nataka mpaka chakula hakipiti. Kila anayenisalimia hapa mtaani namtazama usoni, nasema moyoni, huyu, au siye? Nyumba hii yote nimeijaza habari za watu na hiyo moja ndiyo ninayoitaka. Sasa inuka. Chukua karanga hizo, msalimie mkeo, na uondoke haraka, mwanangu, kabla sijakuuliza."